Sabuni Ambayo Hatukuwa Nayo

Mpaka leo, mtu akiniambia mama yangu ndiye aliyechafua kisima chetu cha Singe, namkatisha palepale, awe mkwe, awe padri. Mama hakuchafua kitu. Mama ndiye aliyekilinda.

Ilikuwa ile miaka ya themanini ya shida, ukisikia duka limeleta kitu unaingia kwanza kwenye foleni, ndipo unauliza ni kitu gani. Sabuni hatukuwa nayo. Kiberiti hatukuwa nacho. Nguo tulifua kwa majani ya mpapai, na moto tuliombana: asubuhi ukiona moshi kwa jirani, unachukua kigae unakwenda kuomba kaa. Kisima wanawake walikuwa wamemkabidhi mama akiangalie. Kila wiki alisomba miiba ya kukizungushia ili ng'ombe wasiingie, na ole wako akukute umetumbukiza mguu.

Mwaka huo mbolea ya chumvichumvi ilifika mahindi yakiwa yameshabeba. Ghala la kijiji nalo lilikuwa limejaa mahindi ya msimu uliopita, yakisubiri lori, na lori likisubiri dizeli. Bwana shamba akaamuru magunia ya mbolea yapangwe nje, kwenye mwinuko juu ya kisima, bila hata turubai. Mama alimfuata, mimi nikiwa nyuma yake na ndoo.

"Bwana shamba, mvua ikinyesha hii yote itateremkia kisimani."

Akacheka. "Mama, hicho ni chakula cha mimea. Chakula kinamdhuru nani?"

Mvua ikanyesha. Na kilichotokea kwanza, hapa ndipo hasira hunipanda, kilikuwa kizuri. Kuanzia kwenye magunia hadi kisimani yakaota majani mstari mmoja, yameiva kijani, yakanifika kiunoni. Wanawake wakamsifu mama, ati mikono yake ina baraka. Wakayakata wakawapelekea ndama wao. Hakuna aliyeinua macho kuangalia ule mstari unatokea wapi. Hata mimi niliona raha mama yangu kusifiwa.

Halafu maji yakabadilika. Mawe yakawa na utelezi, kisha juu ukatanda utando wa kijani, mzito, ukiusukuma kwa kata unarudi. Ulipooza, kisima kikanuka kama mayai viza, na watoto wakaanza kuharisha.

Mkutano ukaitwa. Aliyesimama kutueleza sababu ni nani? Bwana shamba, mwenye magunia!

"Kuna mtu anafulia kisimani," akasema. "Povu la sabuni ndilo linalozaa ule ukijani."

Macho yote yakamgeukia mama. Nani mwingine alishinda pale kila siku, tena ana mtoto mchanga wa kufuliwa nepi?

Mama akasimama. "Sabuni? Sabuni gani? Haya, mwenye kipande cha sabuni nyumbani kwake anyooshe mkono, leo tukaazime!"

Watu wakacheka, hata wazee. Nikadhani tumeshinda. Thubutu! Mwenyekiti akamwambia akae chini, asiwadharau wataalamu. Mama akasema, "Ufuateni mstari wa majani, uko wazi, hata ng'ombe anauona." Hakuna aliyekwenda. Mnyonge mnyongeni lakini haki yake mpeni, tunajua kuusema sana ule msemo, lakini siku ile hakuna aliyeukumbuka. Magunia yalikuwa na sahihi za wakubwa. Mama hakuwa na sahihi ya mtu.

Wazee wakaamua atengwe. Kwetu kutengwa hakuna kelele wala kiboko. Hakuna anayekupa moto, hakuna anayeomba wako, na ukisalimia njiani watu wanatazama pembeni. Msimu mzima mama alifukia makaa kwenye majivu na kuyaangalia kama mtu anayeuguza. Maji tulichota mbali, ziwani. Nilikuwa na miaka kumi na miwili na niliwachukia watu wazima wote wa Singe, mmoja mmoja, kwa sura zao.

Masika yaliyofuata yakaimaliza ile mbolea. Yote ikayeyuka ikaenda, yakabaki magunia matupu, watu wakayagombania kuwekea mahindi. Kisima, taratibu, kikasafika. Na mnajua walisemaje? "Mmeona? Tangu yule mama aache kufulia pale, maji yamepona."

Haki ya Mungu, ndivyo walivyosema. Kupona kwa kisima kukawa ushahidi dhidi yake.

Jirani yetu akatumwa na kaa la moto kwenye kigae. "Wazee wamekusamehe, mama."

Nilimtazama mama. Kulipokea lile kaa ni kukiri kosa, hilo hata mtoto alilijua. Kulikataa ni kuendelea kukaa peke yetu, na mdogo wangu alikuwa ameanza kutembea bila kujua mlango wa jirani. Moto wetu ulikuwa unawaka nyuma yake, haukuwahi kuzimika hata siku moja.

Mama akakipokea kigae kwa mikono miwili. Akalimwaga kaa jikoni, pembeni ya moto wake. "Waambie nimeshukuru," akasema, akamkaribisha jirani uji.

Kesho yake watu wakaanza kutuitikia marahaba. Lakini wale wazee wa mkutanoni mimi sikuwaamkia tena. Mama alinichapa kwa hilo, zaidi ya mara moja, nami nilichapwa na bado sikuwaamkia.