Simu Iliyosema Iko Salama

Mpaka leo nikiona neno "Baadaye" kwenye kioo cha simu, damu inanichemka.

Fundi aliyeniuzia simu, pale mjini Tabora, alinifanyia hisani ambayo sikumwomba: alizima masasisho. "Yanakula bando, mwalimu," alisema, nikamshukuru. Nusu ya majirani zangu wa mtaa wa Chemchem alikuwa amewazimia vilevile, na tulijiona wajanja. Simu ikinikumbusha, nabonyeza "Baadaye," naendelea na mambo yangu.

Siku moja nikafungua picha za harusi zilizotumwa kwenye kundi la jumuiya yetu. Hazikuwa picha. Wezi waliingia kwenye simu kupitia humo, wakasoma jumbe zangu zote, zikiwemo taarifa za misiba ambazo mimi, katibu wa jumuiya, ndiye niliyekuwa naziandika. Kisha, kwa namba yangu, wakawatangazia ndugu zangu wote kwamba mama yangu amefariki, rambirambi zitumwe kwenye namba fulani.

Mama alikuwa uani akimenya karanga. Alasiri kaka yake akaingia kutoka Igunga, kiroba cha mchele wa msiba begani, akamkuta amekaa kwenye kigoda. Kiroba kikamponyoka. Mama alicheka hadi akajifuta machozi. Mjomba hakucheka.

"Nimelia njia nzima," aliniambia. "Nzega abiria wamenishusha wamenishika mikono. Mimi namba yako naifungia, mwanangu. Kukiwa na msiba, nitumie mtu."

Mwalimu mwenzangu anayefundisha kompyuta ndiye aliyenieleza kwamba tundu walilopitia wezi lilikuwa likijulikana siku nyingi, na matundu kama hayo huzibwa kwa masasisho. Nikanunua bando, nikawasha masasisho, nikasubiri. Simu ikajibu: "Mfumo wako umesasishwa."

"Maana yake hakuna kingine kitakachokuja," akasema mwenzangu. "Wenye kiwanda waliacha kulitengenezea viraka toleo hili zamani."

Nilikasirika. Kioo hakina ufa, betri inakaa siku mbili, na wao wameshaitupa kimyakimya, wakaiacha inidanganye kwamba ni nzima. Hawakuona haya hata ya kuandika "tumekuacha." Nilimlaani na fundi. Nikajilaani na mimi niliyemshukuru.

Masika yaliyofuata mama akafariki kweli, asubuhi. Nikampigia mjomba, haikuita. Nikamtumia ujumbe jirani yake wa Igunga, naye akaupeleka mlango wa pili kwa mjomba, wakausoma pamoja, wakaamua ni wale wezi tena. Nilipoona kimya nikampandisha binamu yangu kwenye basi. Barabara ilikuwa mbovu kwa mvua. Kesho yake tulimsubiri mjomba hadi padri akasema ana misa nyingine, tukazika.

Alifika watu wakinawa mikono. Alisimama uani, palepale, na kiroba kingine cha mchele. Nikamwamkia shikamoo, hakuitikia. Alitaka kwanza aione ile taarifa niliyomtumia jirani yake. Nikampa simu. Akasoma polepole, kisha akatoa simu yake na kufungua ile ya wezi, ambayo hakuwahi kuifuta, akaziweka sambamba kwenye kiganja.

Zilikuwa sawa, neno kwa neno. Wao walinakili maneno yangu ya kutangazia misiba, na mimi nilikuwa sina mengine.

"Sasa mimi ningejuaje?" akauliza.

Akanirudishia simu. Aliniomba nimwonyeshe kaburi.