Nimekunywesha bakwe juisi ya Meza ya Bwana

Bandugu, leo nimefanya zambi na sukari juu yake.

Bakwe balikuja hapa kambi ya Dzaleka kuposa mudogo wangu. Nilikuwa nimejisifu nitabatengenezea kokteli ya mapovu: juisi ya zabibu, soda ya tangawizi ya baridi, kipande ya ndimu, sukari kwa mdomo ya vere, ile glasi ya kunywea. Bila pombe, sisi ni bantu ya kanisa.

Nilingojea bageni kumi.

Bakaingia makumi mbili!

Juisi ikaisha. Ndani ya kabati kulibakia chupa moja tu, ile ya Meza ya Bwana ya kesho. Mi njo mwenye kuitunza.

Nikaifungua. Musiniulize.

Mama Neema wa kanisa yetu, mwenye alibeba ile chupa kwa mapaja kutoka Lilongwe, akakunywa vere mbili.

"Mwanangu, hii utamu umeitoa wapi?"

Nikajibu, "Ni ndimu, mama."

Akanikumbatia. "Asante. Sasa nafunga mpaka kesho, nikunywe kikombe ya Bwana."

Kwa Mungu nimeshaomba musamaha.

Lakini kwa Mama Neema, niambieni, naanzia wapi?