Vigae Kumi na Vinane

Kwa miaka ishirini fundi huyu alishika kanuni moja: hachanganyi saruji kabla ya kumwambia mwenye nyumba kama vigae vitatosha. Aliivunja mara moja tu, nyumbani kwa dada yake mwenyewe.

Shemeji yake, mwalimu wa hesabu, ndiye aliyembandika jina la Vidole. Ilikuwa mbele ya ukoo mzima, siku ya kumzika baba yake fundi. "Vidole ahesabu viti," alisema. "Lakini visizidi kumi, la sivyo itabidi avue viatu." Waombolezaji wakacheka. Fundi aliitunza kauli ile miaka saba kama mtu atunzavyo kisu: akiinoa.

Kisha shemeji akajenga sebule, mita sita kwa tano, ili mama yao fundi na dada yake aje kukaa nao uzeeni. Vigae vya sakafu alinunua mwenyewe, nusu mita kila upande.

"Mita za mraba thelathini, vigae vinne kila moja. Mia moja na ishirini," alisema. "Umeipata, Vidole, au nirudie polepole?"

"Nimeipata, mwalimu."

"Na uvilaze mshazari. Nataka anayeingia ashangae."

"Atashangaa."

Hesabu ile ingetosha kwa vigae vinavyofuata ukuta. Vikilazwa mshazari, kila kinachogusa ukuta hukatwa, na vipande vingi havifai tena. Fundi alijua vinahitajika kumi na vinane zaidi. Alijua pia kwamba rangi ile imekwisha madukani. Akanyamaza, akachanganya saruji.

Vigae vikipungua, fundi mwema huacha pengo kwenye kona litakapokaa kabati. Huyu alianzia ukuta wa mbali, akaliacha pengo mlangoni.

"Vingine viko wapi?" mwalimu aliuliza, akiitazama saruji tupu.

"Vimekwisha."

"Haiwezekani! Hesabu nimepiga mwenyewe."

"Basi rudia, shemeji. Polepole. Ukikwama, vua viatu."

Dada yake alikuwa amesimama ukumbini. "Kaka, ulijua?"

Fundi alikusanya vifaa vyake akaondoka akipiga mluzi. Baadaye alikiri kwamba hakuwahi kuwa na siku tamu kama ile.

Mwalimu alistahili aibu; sitamtetea. Lakini mlango ule haukuwa wake peke yake, na fundi alilijua hilo alipokuwa akipima.

Jumamosi mama aliletwa, huku mwalimu akiwa bado anahangaika kutafuta vigae vya rangi ile. Macho ya mama yalikuwa hafifu. Alivuka kizingiti na mkongojo wake, hatua mbili juu ya saruji, na mguu ukagonga ukingo wa vigae. Alianguka, nyonga ikavunjika.

Mama hakutembea tena. Dada hakumfungulia tena kaka yake mlango.