Mluzi wa Machungani

Kwao Machibya, huko Magu, beki hafundishwi, anazaliwa. Babu yake, mzee Chenge, alicheza beki. Baba yake, Nkwabi, alicheza beki mpaka goti likakataa. Mama yake, Suzana, alikuwa akisema nyumba ile haina haja ya mlango, wanaume wake wanatosha kuziba.

Kazi yenyewe waliianzia machungani. Ng'ombe akitaka kuingia mpunga wa watu, usimkimbize, Nkwabi aliwaambia wanawe. Nenda kasimame pale anapotaka kwenda. Na mluzi mmoja mrefu maana yake simama, mtu na ng'ombe wote. Asiyesimama alilala bila maziwa.

Kwa akili hiyo Machibya alifika mbali. Alianza timu ya mtaani, akachukuliwa Mwanza, akaenda Shinyanga, akarudi Mwanza, akaoa Evelina, wakapanga Kiseke. Mbio hakuwa nazo. Mastraika walimkuta tu ameshafika kule walikokuwa wanakwenda.

Aibu ya ukoo ilikuwa mdogo wake, Alexander. Huyo alikuwa straika.

"Kazaliwa kuvunja zizi," alisema Nkwabi, na kwa muda mrefu, akiulizwa ana watoto wangapi wanaocheza mpira, alijibu mmoja.

Miaka ikamlemea Machibya. Kisha timu ya Alexander ikaja kucheza Mwanza, na kocha akamwita Machibya pembeni.

"Mkataba wako unaisha. Yule kijana wa Butimba yupo benchi anaitaka namba yako. Mdogo wako akikupita leo akafunga, sina la kukutetea kwa viongozi."

Machibya aliitikia kwa kichwa. Hakumwambia mtu ila Evelina. Evelina akamwambia mama mkwe.

Wazee walikuja kutoka Magu. Nje ya geti Suzana alimnunulia mumewe muwa mrefu.

"Utafune mwanzo hadi mwisho. Leo wanao wako pande zote mbili, sitaki kusikia mluzi wako."

Nkwabi akakaa jukwaani, akatafuna.

Uwanjani Alexander hakuacha uchokozi. "Shikamoo kaka. Nipishe basi."

"Marahaba. Pitia kwa mwenzangu."

Mechi inakaribia kuisha, bado bila bila, mpira mrefu ukadondoka nyuma ya mabeki. Alexander akauwahi. Machibya akageuka, akauona mgongo wa mdogo wake unakwenda na golikipa yuko peke yake. Akajirusha chini ateleze, ingawa alijua hafiki. Hapo hapo, jukwaani ukalia mluzi mmoja mrefu wa mdomo.

Alexander akasita. Kidogo tu, kama mtu aliyekumbuka kitu. Miguu ile ilichunga ng'ombe kabla haijajua mpira. Machibya naye aliusikia, ila alikuwa ameshateleza, na anayeteleza hana breki. Mguu wake ukaukuta mpira, ukatoka nje.

Wakaachana sare. Kocha alimpita Machibya mlangoni, akamwambia, "Msimu ujao uje na viatu vipya, hivyo vimechoka."

Jioni familia ikakusanyika Kiseke kwa ugali na sato. Alexander hakugusa chakula.

"Baba, umeninyima goli."

"Mimi? Mdomo wangu ulijaa muwa. Muulize aliyekaa karibu yangu."

Wote wakamgeukia Suzana. Kwao mwanamke hapigi mluzi, na hakuna aliyewahi kumsikia. Yeye aliendelea kuchambua miiba ya samaki.

"Kwani ng'ombe wa baba yangu mlidhani walichungwa na nani?" alisema. "Alexander, wewe miguu unayo, mechi zitakuja. Kaka yako alikuwa na hii tu."

Machibya akainamia bakuli. Alitaka kukasirika, mtu mzima kuokolewa na mama yake mbele ya watu, lakini kicheko kilimtangulia. Alexander akamtazama, akanawa, akamega tonge.

"Sawa, mama. Ila tukirudiana, wewe ndiye utafune muwa."

"Nunueni miwili," alisema Nkwabi. "Mimi nimeuzoea."