Elimu ya Marando

Sogeza kigoda, wewe unayenisikiliza, na ushike kisu na kiazi, maana elimu ninayotaka kukueleza haikufundishwa penye ubao. Niliipata kwa jirani yetu, mama wa Kisumbwa kutoka upande wa Ushirombo, katika likizo ya mwaka wangu wa kwanza wa ualimu. Ilikuwa miaka ya sabini, muda mfupi baada ya watu kuhamishiwa vijijini. Nyumba zilipangwa kwa mistari, na mama yangu, Msukuma aliyezoea kuishi mbali na watu kiasi cha kutosikia jirani akikohoa, alijikuta ua kwa ua na Msumbwa.

Walipatana kwa utani. Jirani alisema Msukuma akiambiwa mtu kapotea, huuliza kwanza kama alikuwa na ng'ombe. Mama alijibu kwamba Wasumbwa hawapotei kamwe, kwa kuwa hakuna anayewatafuta. Wakishatupiana hayo, walikaa pamoja kukata michembe, vile vipande vya viazi vitamu tunavyovianika juu ya mwamba hadi vikauke, viwe chakula cha miezi ya njaa.

Siku moja, visu vikiwa vinakwenda, jirani alianza hadithi mchana kweupe. Mama alikuwa amelelewa akiambiwa kwamba hadithi za mchana hupoteza ng'ombe. Lakini hadithi ile aliijua tangu utotoni, akashindwa kujizuia, akasikiliza. Mwanamke alishuka kisimani kufuata kata ya kuchotea maji iliyomponyoka. Kule chini akakuta kijiji kama chake, nyumba kama yake, na jikoni chungu kilekile alichokiacha motoni nyumbani. Basi akaketi, akashika mwiko, akakoroga.

"Si hivyo," mama akamkatiza. "Alipanda akarudi kwao."

"Kwenu alipanda. Kwetu alibaki."

Mama alisema hadithi ina mwisho mmoja kama mkia. Jirani akaweka kisu chini, akamwambia amalizie yeye anayejua. Mama akakataa; yeye hasimulii mchana. Hivyo mwanamke wa watu akaachwa chini ya kisima, mwiko mkononi.

Jua halijazama, baba akarudi kutoka malishoni bila ng'ombe wetu wa maziwa. Ng'ombe huyo alikuwa na ndama wa wiki mbili tu, na ndama yule alianza kulia mara tu kundi lilipoingia zizini bila mama yake. Baba na wanaume wa mtaa walizunguka malisho yote wasione kitu. Mama hakuwa na shaka ya chanzo. Alimwambia jirani, kupitia uani, kwamba ndama yule akifa, asivuke tena kizingiti chake, wala kwa chumvi wala kwa moto.

Asubuhi jirani alipiga hodi. Mama hakuitikia. Jirani akabaki nje ya ua na kutoa somo lake akiwa amesimama, nami niliyekuwa nikimnywesha ndama uji mwepesi nikalisikia lote.

Nitakueleza polepole, kwa sababu mimi mwenyewe sikulielewa mara moja. Dunia, alisema jirani, si moja. Zimelala sambamba kama matuta ya viazi. Kila tuta lina watu wake, na wa tuta hili hawawaoni wa lile. Hadithi ni rando, ule mmea wa kiazi unaotambaa. Huvuka mfereji, na linapogusa udongo wa tuta la pili hutoa mizizi na kuzaa. Rando ni moja, ila viazi hufuata udongo. Ndiyo maana mwanamke wa kisima hurudi kwenye tuta moja na kubaki kwenye jingine, na hakuna aliyesema uongo. Kosa ni kukata rando likiwa bado mferejini. Likikatwa hapo, linahangaika likitafuta pa kushika, na kinachopita karibu hukokotwa nalo.

"Kwa hiyo ng'ombe wangu amekokotwa," mama alisema, hatimaye.

"Malizia ya kwako, dada. Halafu nimalizie ya kwangu."

Ndama akalia tena. Mama akatazama jua, akatema mate pembeni, akaanza. Mwanamke aliuacha mwiko, akapanda kwa kamba ya ndoo, akaenda kwake. Hapo mama angeweza kuishia, lakini aliendelea. Alieleza ua wa minyaa wenye pengo upande wa mashariki, ghala lililoegemea kushoto, na nyuma yake matuta yaliyoshuka hadi bondeni.

Baba alikuwa akifunga viatu vyake vya tairi. Aliacha, akamtazama.

"Hapo ni kwetu," alisema.

Alikuwa ametafuta kila mahali isipokuwa kwenye mahame, makazi yetu ya zamani, kwa sababu tangu tuhame hakuna aliyependa kupataja. Tulikwenda wote wanne. Ng'ombe alikuwa amesimama ndani ya minyaa, chuchu zimevimba maziwa, akila marando yaliyojiotea bila mtu. Mama alimkamua kidogo palepale kumpunguzia maumivu, huku akimtukana kwa Kisukuma kwa sauti ya upole mno.

Njiani nilijifanya mwalimu. Nilieleza kwamba ng'ombe hukumbuka mahali alipokulia, na ndiyo sababu.

"Hiyo ni sababu ya ng'ombe, mwalimu," jirani alinijibu. "Sisi tunazungumzia sababu ya hadithi."

Ndama alinyonya hadi akayumba. Mama akamkaribisha jirani ndani ya ua, akampa kigoda chake mwenyewe, akashika kisu na kiazi, akamwambia amalizie. Mwanamke alikula kilichokuwa chunguni, akalala, akaamka, akalima. Kijiji cha kisimani kikawa kwao. Mama alisikiliza hadi mwisho bila kusahihisha neno. Kisha akauliza swali moja.

"Huko alikobaki, alikuwa na jirani?"

"Alikuwa naye. Msumbufu kweli."

Mama alicheka hadi kisu kikamponyoka.

Nimefundisha kwa miaka mingi baada ya hapo, nami naifuata elimu ile hadi leo. Ukisikia hadithi unayoijua ikielekea mwisho mwingine, mwache msimulizi afike, kisha mwulize amekulia wapi.