Rudieni Kukumbatiana

Televisheni inanitia kichefuchefu, na si kwamba siijui. Shangazi yangu, dada yake baba, aliitumikia tangu akiwa msichana wa kubebea watu miswada mpaka akawa yeye ndiye mtayarishaji, mwandishi na mwongozaji, watu watatu ndani ya gauni moja. Kwenye skrini hakuonekana hata siku moja. Vichekesho vilivyowavunja watu mbavu aliviandika jikoni kwake huku sufuria ikiungua, sifa wakazibeba wachekeshaji. Bibi alikuwa akimuuliza, "Sasa wewe, mwanangu, huko kazini unafanya nini hasa?" Shangazi anacheka tu.

Pale kazini walimwita Rudia, maana ndilo neno lililokuwa mdomoni mwake kutwa. Mwigizaji kafungua mlango vibaya, rudia. Katoa machozi upande usio na taa, rudia. Kwa waigizaji sina ugomvi, ndiyo kazi yao. Balaa lilianza alipopewa kipindi cha kupatanisha ndugu waliokosana, watu halisi wenye machozi yao wenyewe, naye akakiendesha vilevile alivyozoea. Alikuwa ameniingiza mimi kama mpambaji wa nyuso, kwa hiyo nilikuwepo.

Akaja mzee mmoja, fundi viatu. Alikuwa amemfukuza mchumba wa binti yake, binti naye akaondoka kwa hasira, na tangu hapo hawakusemeshana. Shangazi alimbembeleza sana yule binti mpaka akakubali kuja, mara moja tu, aone kama baba amebadilika. Nilikuwa nampaka mzee poda.

"Mwanangu akinipa mgongo, nitafanyaje?" akaniuliza.

Nikamwambia, "Hatakupa, baba."

Na hakumpa. Mzee aliingia, akasimama, akasema, "Nisamehe, mama," na binti akamwangukia kifuani. Mpiga kamera alikuwa anafuta macho. Mimi ndiyo usiseme, uso ulilowa. Kumbe mtangazaji wetu, bwana suti, alikuwa pembeni anajitazama kwenye kioo. Kwenye picha hakuonekana hata kiwiko. Meneja wa stesheni akaja mbio na jasho lake: bila mtangazaji hakuna kipindi.

Shangazi akaingia na ile sauti yake ya asali. "Mzee wangu, tumepata tatizo kidogo la picha. Naomba utoke, uingie tena, useme vilevile."

Mzee akatoka, akaingia, akasema. Safari hiyo mtangazaji alichelewa kuwashika mabega. Rudia. Mara ya tatu mzee, maskini, alikuwa ameshayashika maagizo yote. Alisimama penye alama sakafuni, akamgeuza binti upande wenye taa, akalia palepale alipoambiwa alie. Binti akajitoa mikononi mwake taratibu.

"Hata ile ya kwanza walikufundisha?" akauliza.

"Hapana, mama," mzee akasema, na macho yake yakamkimbilia Shangazi, kutaka kujua kama amejibu sawa. Binti akachukua mkoba wake akaondoka.

Ungedhani watu wangeona haya. Wapi. Wakaunga vipande, kipindi kikaenda hewani wamekumbatiana vizuri, mtangazaji katikati anatabasamu na meno yake yote. Simu za pongezi hazikukatika. Meneja akakata keki, wakalambana vidole, na mimi nilikwenda chooni kutapika, sioni aibu kusema. Watu hao hawana mshipa wa aibu, na shangazi yangu alikuwa mmoja wao, na kipande cha keki mkononi.

Wiki iliyofuata fundi viatu akaja mapokezi, amevaa shati lilelile la siku ya kurekodi. Nikashuka kumsikiliza.

"Mwambie yule mama mkubwa," akaniambia, "mimi ndiye niliyeharibu. Nafanya mazoezi nyumbani kila siku. Amwite mwanangu mara moja tena, safari hii sitakosea."

Nikapanda kumweleza Shangazi, neno kwa neno. Yeye aliyewatungia maneno watu wote wa stesheni ile alizungusha kalamu tu.

"Sema nimesafiri," akasema, bila kuinua macho.

Nikashuka. Nikamshika mzee mkono, nikampandisha ngazi mpaka mlangoni kwa Shangazi, nikaufungua bila kubisha hodi.