Kola ya Gauni la Misheni

Wiki iliyopita nilishuka sokoni Tengeru kutafuta mbegu za maharage, nikapita mahali mama mmoja anauza mafuta ya kondoo kwenye chupa. Alizibua moja ili ninuse kama ni safi. Nikanusa, nikaanza kucheka peke yangu mpaka yule mama akaniuliza kama nina homa. Homa sina. Harufu ile ilinirudisha nyumbani kwetu, enzi za Mjerumani, wiki ile dada yangu alipoolewa. Na kwa kuwa umekaa nami, ngoja nikusimulie.

Kwetu migomba ilifika hadi mlangoni. Asubuhi ukungu wa Meru ulishuka ukafunika hata zizi, ukawa unawasikia ng'ombe bila kuwaona. Tulichota maji mferejini, tukakata majani ya mifugo, na tukirudi tulimkuta mama anakoroga loshoro, mahindi na ndizi ndani ya maziwa mgando. Nimekula vyakula vingi tangu hapo, vingine mezani kwa uma na kisu, na hakuna kilichoifikia loshoro ya mama.

Kazi yangu nyingine ilikuwa salamu. Usicheke, ilikuwa kazi. Mtoto wa kwetu hakumpa mkubwa mkono. Alimwendea, akainamisha kichwa, mkubwa akamwekea kiganja utosini, ndipo akawa amesalimiwa. Nyumba ikijaa wazee, mtoto alishinda ameinama. Hata watu wazima waliinama kwa wakubwa wao. Na siku ya kuolewa, binti aliinama mbele ya baba yake, baba akamwekea mkono kichwani, na mkono ule ndio uliokuwa baraka yake. Binti aliyeondoka bila huo mkono alihesabiwa kama ametoroka.

Sasa, misheni ilikuwa na gauni moja la harusi. Mke wa mchungaji alikuja nalo kutoka Ujerumani, nadhani aliolewa nalo mwenyewe, na kila bibi harusi wa usharika alivalishwa hilo hilo. Likishavaliwa lilifuliwa, likatiwa wanga, likapigwa pasi ya mkaa, likarudi sandukuni kumngoja mwingine. Lilikuwa zuri, sikatai. Jeupe, mikono mirefu, vifungo mgongoni vidogo kama punje za mtama. Ila lilishonewa mtu ambaye hakukulia ndizi. Kiunoni lilibana, kwapani lilikata. Shingoni ndiko kulikokuwa na balaa lenyewe: kola ndefu iliyofika chini ya masikio, ngumu kwa wanga, na ndani yake vimeshonewa vijifupa vya kuisimamisha. Ukiivaa unatazama mbele tu. Ukitaka kuona miguu yako, mpaka uivue.

Mwaka mmoja kabla, binti wa jirani yetu aliolewa ndani ya kola ile. Baba yake alipomsogelea nje ya kanisa, binti alijitahidi. Alikunja magoti, akapinda kiuno, lakini kichwa kilibaki juu vile vile, kama mtu anayetazama kama mvua itanyesha. Mzee alisubiri. Kisha akauficha mkono wake ndani ya shuka, akaenda zake. Tangu siku hiyo hakuwahi kukanyaga kwa yule binti, hata alipojifungua.

Na baba yetu alikuwa mgumu kuliko jirani. Alikuwa amebebeshwa mawe ya kujengea boma la Mjerumani Arusha, askari wakimfuata kwa viboko, akaapa kutoingia tena nyumba yoyote iliyojengwa na Mzungu, hata kama mwenye nyumba ni Mungu. Alikubali dada aolewe kanisani kwa sababu alimpenda mno. Lakini alisema mbele yetu sote, "Nitasimama nje. Akinijia ameinama, nitamgusa. Akinijia amesimama wima kama wao, basi ni mtoto wao."

Dada yangu hakuwa mtu wa kulia. Alijifunza kushona pale pale misheni, na gauni lilipoletwa nyumbani alilitandika mkekani, akalizunguka, akalishika hapa na pale kama mtu anayenunua mbuzi. "Kiuno nitakiweza," akasema. "Makwapa nitayaweza. Hiyo kola ndiyo ina kiburi."

Alifumua ubavuni akaingiza vipande vya kitambaa cha merikani, akafungua kwapani akatia viraka vya pembe nne ili mkono unyanyuke. Mishono iliyokwaruza aliifunika kwa ndani na kanga kuukuu ya mama, iliyofuliwa mpaka ikawa laini kama sikio la mbuzi. Yote hayo mke wa mchungaji aliyaruhusu. Ila kola alikataa katakata isiguswe. Alisema kola ndiyo heshima ya gauni.

Hapo ndipo koko alipoingia. Koko ni bibi yetu, mama yake baba. Alikuwa amelainisha ngozi maisha yake yote, ngozi za kuvaa, za kulalia, za kubebea watoto, na hakuona tofauti kati ya gauni na hizo. Mchana mmoja mama na dada walikwenda kukata ndizi za pombe ya harusi. Niliporudi kutoka mferejini nilimkuta koko ameketi juani, gauni mapajani, kibuyu cha mafuta ya kondoo pembeni. Alikuwa ameshaipaka kola, ameisugua kwa viganja na kuikunja huku na huku, na vile vijifupa ameving'oa kimoja kimoja kwa meno.

"Koko, umefanya nini?"

"Kitu kigumu kinapakwa mafuta," akasema bila kuinua macho. "Hao wenzetu wana vitu vingi, mafuta wamesahau tu."

Kola ilikuwa ya manjano kama ndizi mbivu, na ilinuka zizi zima. Mama aliporudi alishika kichwa akaanza kulia kwamba tumekwisha, harusi ni keshokutwa. Dada aliishika kola. Aliivaa shingoni, akainama mpaka nikaona kisogo chake, akainuka. "Inainama," akasema. Kisha akalifunga gauni kwenye kanga, akaelekea misheni. Nilimfuata bila kuitwa, maana jambo kama lile halisimuliwi, linatazamwa.

Mke wa mchungaji alilipokea gauni, akarudi nyuma hatua moja. "Hii nini?"

"Mafuta ya kondoo, Bibi. Koko ameilainisha kola."

"Kwa sababu gani? Mimi nilisema usiguse!"

"Baba yangu atanisubiri nje ya kanisa," dada akasema. Hakupandisha sauti wala hakuishusha. "Nisipoinamisha kichwa, sina baba."

"Lakini unaweza kumpa mkono."

"Mkono nampa mgeni, Bibi."

Mke wa mchungaji aliigeuza kola mikononi. Halafu akauliza taratibu, "Na yule wa mwaka jana? Baba yake aliondoka. Mimi nilifikiri ni mgonjwa."

"Mpaka leo hajaenda kwake."

Aliketi. Ni yeye aliyemvalisha yule binti kwa mikono yake, na akamsifu mbele ya watu kwa kusimama wima. Akachukua mkasi wake, na kola aliyokuwa ameitunza tangu usichana wake akaikata yote kuzunguka shingo, mwenyewe, wala hakuomba msaada. Wakaketi pamoja, yeye na dada, wakashona utepe mwembamba wa kanga pale ilipotoka. Mabibi harusi wote waliofuata walilivaa gauni hivyo, shingo wazi.

Siku ya harusi baba alisimama kando ya uzio wa kanisa amejifunga shuka lake jipya. Nyimbo zilipokwisha watu wakatoka, wakapisha njia, maana kila mtu alikuwa anajua. Dada alimwacha mumewe mlangoni, akatembea peke yake hadi kwa baba, akainama. Kisogo chake chote kilionekana. Baba akaweka mkono utosini, akamtemea mate ya baraka kama ilivyokuwa desturi, na hakuuondoa mapema. Mimi nikajipenyeza nikainamisha kichwa changu pembeni, sikutaka kupitwa, naye akaniwekea mkono wa pili. Mkono ulikuwa mzito na wenye joto, na nilijua kabisa mimi ni wa nani.

Baba amekufa, mama amekufa, koko alitangulia zamani. Dada tulimzika mwaka juzi, na yeye ndiye aliyekuwa mkubwa wangu wa mwisho. Siku hizi nikifika kwenye harusi, vijana wanaojua bado huja wakainama, nami nawawekea mkono, vizuri, bila haraka, kama nilivyowekewa. Nina afya, na shingo yangu inakunjika vizuri bado. Ila katika ukoo wetu wote hakuna tena aliye mkubwa kwangu, wa kumwendea nikainama.